Bati la Biskuti

Jiji letu jina lake ni Mashua,
na halina hata mto wa kuloweka mguu.
Lina madohani ya viwanda vya nguo, reli za tramu,
na ile studio ya matofali ambako miaka thelathini na mmoja
nilikaa mezani na mkasi
nikimkata Seweryn Pakuła.

Sikumkata kwa ubaya.
Mwongozaji husema, "Huyu wa tiketi, nusu yake yatosha,"
nami natoa nusu.
Mkono unabaki, kofia inabaki,
uso unakwenda kikapuni.

Alikuwa daktari atokaye chumbani akitikisa kichwa.
Alikuwa kikohozi cha ghorofa ya juu.
Alikuwa padri wa mbali, amegeuka, mvua inamnyea.
Alikuwa mhudumu: "Supu imekwisha, bwana,"
maneno matatu, na kwa ajili yake
alishinda wiki nzima kwenye mkahawa wa stesheni
akimsoma mtu asemaye supu imekwisha
na jikoni sufuria imejaa.

Alikufa mara kumi na tisa:
risasi, kichomi, ngazi, farasi mmoja.
Halszka mkewe alihesabu kwa mafundo ya uzi wa sufu.
"Leo umekufaje?" humuuliza, akimmiminia chai.
"Vibaya. Wamenirudisha nife tena kesho."

Mara moja tu nilimwona akikataa.
Walimletea gwanda la kijivu la afisa wa Kijerumani,
yeye ambaye kwa macho ya miaka saba
alimwona baba yake akipandishwa lori.
Asubuhi alikataa. Mchana akalivaa.
"Nikimwachia mwingine," alisema, "atanifanyia zimwi.
Mimi yule mtu namkumbuka. Alikuwa anamenya yai."

Basi akamenya yai,
polepole, maganda akiyapanga kwenye leso,
na nyuma yake, nje ya shabaha ya kamera,
watu wakipanda, wakipanda.
Mwongozaji akasema kata.
Nikasema mkasi umekuwa butu.

Barabarani walimjua pasipo kumjua.
"Wewe si yule wa posta?"
"Ndiye."
"Si tulisoma wote Radomsko?"
"Tulisoma."
Bibi mmoja alimdai pesa za makaa ya mawe,
deni la baridi ya mwaka juzi.
Akalipa. Akaomba na radhi.

Mara ya ishirini ilikuwa Februari, kwenye foleni ya mkate.
Aliyekuwa nyuma yake alingoja kidogo,
akidhani atanyanyuka.
Gazeti lilimpa mistari minne, na jina
wakalikosea herufi.

Haba na haba, husemwa, hujaza kibaba.
Nilikaa na kalamu nikajumlisha filamu zote,
kila mlango aliofungua, kila kofia aliyoivua:
dakika hamsini na mbili.
Kibaba hakikujaa.

Lakini nina bati la biskuti chini ya kitanda.
Kila jioni, kikapu kabla hakijabebwa kwenda kuchomwa,
nilikuwa natia mkono.
Sijui niliiba kwa nini. Sikumpenda, kama mnauliza;
alinuka matango ya siki, na akiazima kiberiti harudishi.

Sasa macho yangu ni mabovu, mashine sina.
Nanyoosha vipande dirishani, kimoja kimoja.
Hiki ni kabla ya kazi kuanza, ubao haujapigwa.
Anajikuna sikio. Theluji begani ni chumvi ya studio.
Kijana mzuri, nyota wetu wa mwaka ule,
amesimama vibaya, kivuli kinamkata shavu,
wala hajui.
Pakuła anaona.
Hasemi kitu. Anasogea kushoto, nusu hatua,
taa inampata kijana usoni,
naye mwenyewe anaingia gizani.

Fremu kumi na moja.
Nazihesabu tena.